Waliofyatua Matofali ya Juru

Kazi yangu ni kutengeneza filamu za wanawake ambao historia imewaruka, na adui yangu mkubwa si ukosefu wa fedha wala mvua. Ni waume. Nikitoka kwangu Nyamityobora, mjini Mbarara, na kamera yangu, nikafika nyumbani kwa watu, mama hukaa vizuri, hunyoosha kitenge, hufungua kinywa, halafu baba hujibu.

Ndivyo ilivyokuwa Juru, huko kwenye makazi ya wakimbizi ya Nakivale, Uganda, kwa mama mmoja Mkongomani, mkulima kutoka Kivu ya Kusini. Nilisikia kwa wauza maharagwe wa Mbarara kwamba kanisa la pale, la matofali ya kuchoma, lilitokana na jasho la wanawake, na yeye ndiye aliyewaongoza. Kanisani wanasifiwa wazee tu. Wenzake wengi wamehama, wengine wamekufa. Asiposema yeye, habari ile imekwisha, nami nilitaka itoke kinywani mwake.

"Mama, mlianzaje?" nikauliza.

"Tulianza na sala," akajibu mumewe, mzee wa kanisa, aliyevaa koti kwenye jua kali.

Nikauliza tena, safari hii nikimkazia macho mama. Mzee akasafisha koo. Akanisimulia habari za mbao, mabati, mchungaji, hata baiskeli yake ya zamani. Mkewe alikuwa akiitikia kwa kichwa huku akichambua maharagwe. Mimi uvumilivu wangu ni mfupi, watu wa kwetu wanajua, na damu ilinichemka. Lakini mzee mwenyewe alikuwa amenichinjia kuku. Ungemgombezaje?

Wazo likanijia. Nikamkabidhi ufito wangu mrefu wenye maiki ya kunasia sauti nchani.

"Mzee, hii inataka mtu mzima mwenye mkono imara. Anayeishika hakohoi wala hasemi, maana sauti yake itafunika za wengine."

"Nipatie, dada. Nitaikamata muzuri."

Akaikamata kama mbeba bendera, kifua mbele, midomo ameibana. Mimi nilijizuia kucheka. Mkewe hakujizuia. Alicheka mpaka akaweka ungo chini, na ndipo alipoanza kusema.

"Banaume balikuwa balienda kutafuta kazi Mbarara. Sisi bamama tukasema, tutaombea mu mahema mpaka wakati gani? Tukachimba udongo, tukakanyaga na miguu, tukafyatua, tukachoma. Wakati balirudia, balikuta matofali iko tayari. Balipandisha tu ukuta."

Akaanza kuwataja wenzake kwa majina, kila mmoja na habari zake. Huyu alikanyaga udongo akiwa na mimba kubwa. Yule alikuwa mvivu wa kutupwa, lakini alijua kuwachekesha, kwa hiyo hawakumfukuza. Nyuma ya kamera nilifurahi hata nikaogopa kupumua.

Ghafla maiki ikashuka mpaka ndani ya picha.

"Umesahau mama yangu," mzee akasema. "Yeye ndiye alikuwa anachota maji."

Kumbe siku zote alijua kwamba kazi ile ilikuwa ya wanawake. Mkewe akamgeukia taratibu.

"Sikumusahau, baba ya batoto. Nilimuweka wa mwisho, sababu nikimutaja, sitaweza kusema tena."

Akamtaja marehemu mkwewe. Mzee akalaza ufito chini, akaketi karibu na mkewe, wakalia. Nami nikalia nao bila haya.