Mama Kwenye Ukanda wa Sinema

Mwaka 1972, nikiwa na miaka minane, mama alikufa, na shida zikaanza hapo. Shule niliishia darasa la tatu. Picha yake hatukuwa nayo hata moja. Kijijini kwetu Usevya wakati ule nani alikuwa na kamera?

Nikaja Mpanda mjini, nikawa mbeba mizigo wa mzee mmoja aliyezungusha sinema vijijini. Alipochoka aliniachia mashine, nikazunguka nayo mwenyewe mpaka mabanda ya video yakatumaliza. Kanda zikaota ukungu. Mwaka jana nikafungua moja iliyobaki nyeusi tupu, nikaikwaruza kwa sindano ya kushonea magunia, nikaipitisha kwenye mashine. Mstari mweupe ukacheza ukutani! Nikasema basi, mama nitampata.

Nyie mnachora kwenye karatasi. Mimi nilichora kwenye vipicha vidogo kama ukucha, kimoja baada ya kingine, kila kimoja mguu umesogea kidogo. Mama ana jembe begani, anachechemea, anaenda shamba. Uso sikujaribu. Uso nimeusahau, sidanganyi mtu.

Anayemkumbuka vizuri amebaki dada yangu mkubwa tu, naye macho yameingia mtoto wa jicho. Nikamleta kabla hayajafunga kabisa. Nikaziba dirisha kwa blanketi, nikawasha.

"Huyo siyo mama."

"Angalia vizuri, dada."

"Nimeangalia. Mama alikanyagwa na ng'ombe mguu wa kulia. Huyu wako anachechemea wa kushoto. Umenichorea jirani?"

Nilikasirika. Kazi ya masika nzima! Nikataka nimwambie arudi kwake. Lakini akiondoka vile, nani mwingine wa kuniambia ndiye au siye? Nikautazama ukanda: una matundu pande zote mbili, hata ukigeuzwa meno ya mashine yataushika. Nikauchomoa, nikaugeuza upande wa ndani ukawa nje, nikawasha tena.

Mguu ukawa wa kulia. Na mama, aliyekuwa anaelekea kulia, sasa anaelekea kushoto.

Dada akasogea karibu na ukuta.

"Eee. Ndiye. Mashamba si yalikuwa kule kulia kwa mlango wetu? Basi huyu anarudi nyumbani, mdogo wangu. Hebu rudia."

Nilirudia mpaka mashine ikachemka.

Leo nina nyumba ya tofali za kuchoma Nsemulwa, shamba la mahindi Kasekese, ng'ombe wachache, baiskeli, mashine ya sinema na balbu yake moja iliyobaki, na ukanda wa mama.