Marehemu Aliyesema Kiswahili

Jumanne, 13 Agosti 1974. Upepo tangu asubuhi, vumbi hadi ndani ya mtungi wa maji. Mawingu yalitokea, yakaelekea Kenya bila hata kutuangalia.

Leo nimeaibika mbele ya mkutano wa kijiji kizima, na naandika sasa hivi kabla sijaanza kujitetea, maana najijua, kesho nitakuwa nimeshajipa haki nusu.

Ninyi mnaonifahamu mnajua nina ufundi mmoja tu, nao hauna faida: kujenga ndoto. Nilianza nikiwa darasa la nne (ndilo la mwisho kwangu), homa imenilaza, nikagundua kwamba ukitaka kuota kitu usianze na kitu chenyewe, anza na ardhi. Nina nchi yangu kichwani, naiita Ng'ambo, ina mto mmoja, ua wa minyaa na njia nyekundu inayopanda. Nikijilaza baada ya chakula cha mchana naipanda ile njia polepole, naweka harufu kwanza, moshi au samadi, kisha mlango, kisha nakaa nje nangoja. Mtu simwiti, ukimwita hatoki. Ni kama kujenga nyumba: nguzo, fito, udongo, mwenyewe huingia mwisho. Mara nyingi anakuja. Asipokuja naota nimepoteza ng'ombe.

Basi. Sisi wote tumeshahamia kijiji kipya kwa amri ya serikali, kwenye viwanja vya mstari kando ya barabara, amebaki mtu mmoja tu kule mlimani, Bibi Nyangi, mjane wa mzee Chacha. Alisema tangu mwanzo kwamba haliachi kaburi la mumewe mpaka mume mwenyewe amruhusu ndotoni, na tangu amzike, mwaka wa pili huu, hajamwota hata mara moja. Wiki ijayo watu wa wilaya wanakuja kuziezua nyumba zilizobaki. Mwenyekiti wetu (simlaumu, aliogopa kumwona bibi kizee akiburutwa) alisema nikiwa pale, "Laiti huyo mzee angemtokea mtu, akasema neno moja tu." Hakunituma. Naandika tena, hakunituma. Ni mimi niliyekwenda nyumbani nikalala.

Siku ya kwanza niliota ng'ombe. Jana nikampata. Alitoka mlangoni na koti lake la kijeshi, akasimama, akasema, nami nikaamka nimefurahi kama mtoto. Kwa hiyo kusema kweli sikudanganya, niliota kabisa. Ila aliyepanda mbegu najua ni nani.

Leo mkutanoni nikaomba nafasi. Bibi Nyangi alikuwa amekaa nyuma na fimbo yake, na niliposema nimemwota mzee Chacha aliinuka, akapita katikati ya watu, akaja kusimama mbele yangu, karibu kiasi cha kunishika. Nami nikanogewa.

"Akasema, 'Ndugu zangu, umoja ni nguvu. Mke wangu ahamie kijijini, apate maji na zahanati.'"

Bibi akaniuliza kwa Kikurya, taratibu, "Mwita mwanangu, alisema hivyo hivyo?"

"Hivyo hivyo, mama. Neno kwa neno."

"Kwa Kiswahili?"

Jamani. Mzee Chacha, Mungu amrehemu, neno lake la Kiswahili lilikuwa moja tu, "bado", ndilo alilomjibu kila mtu wa serikali aliyewahi kumfuata, hata aliyemsalimia. Na mimi kila jioni nashika chaki kwenye kisomo cha watu wazima, kichwa kimejaa "umoja ni nguvu", nikamjengea marehemu mdomo wangu mwenyewe. Hapo ningesema nimekosa, nikakaa. Badala yake nikasema, "Labda amejifunza huko."

"Kumbe ahera kuna kisomo!" akapaza sauti jirani yangu Marwa, ambaye hajawahi kuacha kitu kipite. "Mwalimu wao nani, au unakwenda wewe mchana ukilala?"

"Mwulize amefaulu mtihani!" akadakia mwingine.

Mkutano ulivunjika mbavu. Mwenyekiti aligonga meza, mwisho naye akageukia ukuta, mabega yanatikisika. Ningecheka na mimi, ningeweza, lakini Bibi Nyangi hakucheka. Alikuwa bado ananitazama mdomo.

"Alikuwa anakohoa?" akaniuliza.

Kikohozi ndicho kilichomwua. Sikukiweka, sikukumbuka kukiweka. Nikasema, "Hapana, mama. Hakukohoa."

Akatikisa kichwa. "Angesema 'bado' tu, ningejua ni yeye, ningefunga mizigo leo hii." Kisha, bila hasira, na hasira ningeipokea, akasema, "Nimemngoja sana, Mwita. Sasa hata akija mwenyewe, nitajuaje si wewe uliyemtuma?"

Akashika njia ya mlimani. Hakuna aliyecheka tena, hata Marwa, na kwa haki niandike kwamba Marwa ndiye aliyemkimbilia kumsindikiza, si mimi.

Nimetubu. Ng'ambo siendi tena, mchana sijilazi, nitalima. Na siku watakayokuja kuezua nitakuwa pale mapema, nimbebee jiwe lake la kusagia, akikubali nilishike.

Jioni tumekula ugali wa mtama na majani ya kunde. Mke wangu Bhoke aliniuliza kama nimeshiba. Jibu lilikuwa neno moja, lile la mzee Chacha, nikasogeza tu sahani.