Mbrazil wa Kinoo alinishika mkono akaniomba ninyamaze kuhusu moyo wake

Wakuu, habari zenu.

Mimi huwa nasoma tu hapa, sijawahi kufungua uzi. Leo nimeamua. Hii si stori ya kuambiwa, nilikuwepo. Mwenyewe amenipa ruhusa niiandike mradi nibadilishe jina lake na nisitaje timu. Kwa hivyo tumwite Ruan.

Mnivumilie na Kiswahili changu, mimi ni wa Nairobi. Watu wa Dar msianze kunisahihisha kabla hamjafika mwisho.

Mimi ni mama wa miaka 38, Mkamba, naishi Kinoo. Kazi yangu ni physio, yaani wale watu wa kunyoosha misuli na kurudisha mguu ulioumia. Clinic iko Hurlingham. Si kubwa, vitanda vitatu, baiskeli moja ya mazoezi na kettle.

Mwaka jana timu moja ya ligi kuu ilikodi nyumba kwa plot yetu, ya kuweka wachezaji wa kutoka nje. Wakaletwa wawili. Mmoja akaenda baada ya wiki moja, baridi ya Kinoo ilimshinda. Akabaki Ruan, Mbrazil, miaka ishirini, mrefu, mwembamba, masikio makubwa.

Mtaa mzima ulichangamka. Si mnajua vile watu hufikiria? Mbrazil ni lazima acheze na mpira kichwani akienda dukani. Watoto walikuwa wanamrushia mpira akiwa amebeba unga.

English hakuwa nayo. Alikuwa anaongea na simu kwa Kireno, halafu simu inatoa Kiswahili sanifu kabisa, sauti ya mwanamke kama ya kusoma taarifa ya habari. Hiyo simu ilimfundisha kusema shikamoo, akawa anawaamkia hadi watoto wa nursery. Landlady wetu, Mama Gathoni, alicheka mpaka akakaa chini.

Sasa, jinsi alifika kwangu.

Aliumia ankle kwa mazoezi na timu ikamtuma clinic. Alikuja kwa wiki tatu, na mtu akilala kwa kitanda yako wiki tatu, atakuambia maisha yake.

Aliingia academy ya mpira akiwa na miaka kumi na mbili. Mji wa mbali na kwao, safari ya siku nzima kwa basi. Mama yake alikuwa anamwona mara mbili kwa mwaka. Walikuwa wanalala vitanda vya double decker, vijana wanane kwa chumba. Kila mwisho wa mwaka karatasi inabandikwa kwa ukuta wa dining. Jina likiwa hapo, unabaki. Likikosa, unapanga nguo.

Aliniambia siku hiyo hakuna mtu alikuwa anakunywa chai. Mnapanga line kusoma karatasi, na rafiki yako wa kitanda cha juu anarudi kutoa begi lake chini ya kitanda.

Jina lake lilikuwepo miaka yote hadi alipofika kumi na tisa. Hapo likakosa. Hakuelezwa sababu. Akacheza miezi michache kwa timu ndogo ya kwao, kisha agent akampatia nafasi Nairobi. Majaribio ya miezi mitatu. Akifanya vizuri, mkataba wa miaka miwili, mkataba wake wa kwanza kabisa maishani.

Na alifanya vizuri. Timu ilimwambia watasaini Ijumaa ya mwisho wa mwezi.

Jumatatu ya wiki hiyo ndiyo hii stori ilianza kuniharibia usingizi.

Nilikuwa nimemweka kwa baiskeli, kazi nyepesi tu, na kile kifaa kidogo cha kupima mapigo kikiwa kwa kidole. Kilikuwa kinasoma tisini na kitu. Nikageuka kuchukua taulo. Nikirudi, kinasoma mia mbili na kumi na mbili.

Nilidhani kifaa kimekufa. Nikakihamisha kidole kingine. Mia mbili na kumi.

Nikamwangalia uso. Alikuwa amekuwa rangi ya jivu.

Hapo akafanya kitu ambacho kiliniogopesha kuliko ile namba. Hakushtuka. Alishuka kwa baiskeli polepole, akachuchumaa kwa kona, akafunga ngumi, akaiweka mdomoni akaanza kupuliza kwa nguvu mpaka mishipa ya shingo ikatoka. Kama sekunde ishirini. Kisha akavuta pumzi, akainua kidole nisome. Themanini na nane.

Wakuu, hiyo ni mbinu ya kutuliza moyo uliokimbia, na mtu haijui bila mazoezi. Huyu alikuwa ameifanya mara nyingi.

Nikamuuliza, "Tangu lini?"

Alielewa bila simu. Akaonyesha vidole, kumi, halafu vitano. Tangu miaka kumi na tano.

Halafu akachukua simu, akaongea chini chini, akaniwekea. Ile sauti ya mwanamke ikasema, wazi kabisa, "Naomba usimwambie mtu yeyote. Wakijua, nimekwisha."

Alikuwa amenishika mkono. Mkono wake ulikuwa baridi.

Nielezee kitu hapa ndiyo mnielewe. Nikiwa form three tulikuwa na msichana darasani, mbio ndefu hakuna aliyemfikia. Siku moja akikimbia kwa uwanja wa shule alianguka karibu na goli, hakuna mtu amemgusa. Wengine walisema ni malaria, wengine wakasema amelogwa. Mimi najua alikuwa ameniambia, kama wiki mbili kabla, kwamba moyo wake huruka kama chura. Tulicheka. Tulimzika Jumamosi.

Kwa hivyo nilijua ninachopaswa kufanya. Lakini pia nilijua ile karatasi ya ukutani. Na, nitasema ukweli, nilikuwa nimempenda kama mdogo wangu, na sikutaka anichukie.

Nikamwambia, "Nakupa mpaka Jumatano saa saba. Uje hapa twende kwa daktari wa moyo, mimi na wewe. Usipokuja, nitampigia daktari wa timu. Na kabla ya hapo usikimbie hata hatua moja."

Simu ikamtafsiria. Akavaa viatu bila kufunga kamba akaenda.

Jumanne nilikuwa na booking ya kusukwa Kenyatta Market. Akinyi, ambaye amenisuka miaka mingi, alisimamisha kazi katikati. "Mwikali, shingo yako iko ngumu kama mti. Nani amekufa?"

Nikasema, "Hakuna mtu amekufa." Nilivyoisikia hiyo sentensi ikitoka kwa mdomo wangu, nikamwambia amalizie haraka.

Jumatano ikafika. Saa saba, hakuna mtu. Saa saba na nusu, simu yake imezimwa. Nilikuwa na mzee wa mgongo kwa kitanda na nikamkanda upande usiouma, mpaka yeye mwenyewe akaniambia.

Nilipiga namba ya daktari wa timu nikakata kabla haijaita. Mara mbili. Bado najilaumu kwa hizo mara mbili.

Nikamwachia mwenzangu clinic nikaenda hadi uwanja wanaofanyia mazoezi, upande wa Kangemi.

Alikuwa anakimbia.

Zile mbio fupi za kwenda na kurudi, filimbi inalia, wanakimbia. Nilisimama kwa line nimeshika mkoba na mikono miwili. Aliniona. Akageuza uso, akakimbia tena. Filimbi. Akakimbia tena. Kila mara akipunguza mwendo nilikuwa nasema, sasa, sasa ataanguka. Sijui nilisimama dakika ngapi. Ilikuwa inatosha niite jina lake kwa sauti, na sikuita.

Mwishowe alisimama mwenyewe. Hakuna kitu kilikuwa kimempata. Alitembea tu akaja hadi nilipokuwa, kocha akimwita nyuma, yeye hageuki. Akatoa simu kwa begi.

Sauti ikasema, "Ninaogopa kila mpira. Nimechoka kuogopa."

Tukakaa kwa nyasi. Akapiga video kwao, huko ilikuwa bado asubuhi. Mama yake alikuwa amevaa apron, alikuwa kazini jikoni mahali. Ruan akaanza kumwambia. Sijui Kireno, lakini nilimwona huyo mama akivua kofia ya kazi na kuishika kifuani. Miaka mitano mtoto wake alikuwa anachuchumaa kwa kona na yeye hajui.

Alitaka kuniona. Akauliza kitu, na simu ya Ruan ikatafsiri.

"Je, anakula?"

Nikasema anakula. Nikasema Mama Gathoni anampikia mukimo, vile viazi vya kupondwa na mahindi, na anamaliza. Hapo ndipo alianza kulia, na mimi pia.

Kesho yake tulienda kupimwa moyo, pale pale Hurlingham. Daktari alikuwa mama mmoja mpole anayeongea polepole. Alichora kwa karatasi.

"Unaona moyo una waya yake ya stima, moja. Huyu alizaliwa na ya pili. Ni kama vile mtu ame-tap stima kwa nyumba yako, ameunga waya ya wizi. Siku nyingi taa zinawaka tu. Siku moja, kila kitu kinaungua."

Nikamuuliza, "Na kucheza?"

"Hapana, bado. Lakini hii inatibika. Tunaingiza uzi mwembamba kwa mshipa wa paja hadi kwa moyo, tunaichoma hiyo waya. Ikikubali, atacheza hadi azeeke."

Ruan alitaka kumwambia manager wa timu yeye mwenyewe. Ofisi iko town, floor ya nne, nikamsindikiza. Manager hakuwa mtu mbaya, nisimseme vibaya. Alisikiliza yote. Akavua miwani.

"Kijana, mimi nina watoto. Siwezi kukaa kwa benchi nikingoja uanguke. Pona kwanza, tutaongea."

Ijumaa ilipita. Walisaini mwingine. Na nyumba ya timu akapewa mwezi mmoja aondoke.

Nani alilipia hospitali na nani alikataa, hiyo sitaandika, niliahidi. Nitasema tu Mama Gathoni alimhamisha Ruan kwa chumba cha kijana wake aliye Mombasa, na hakutaka mjadala.

Kungoja kulichukua wiki tano. Hizo ndizo zilikuwa mbaya zaidi. Hana mazoezi, hana timu, anakaa kwa stool ya jikoni kumenya viazi kama mtu ana deadline. Kila asubuhi nilikuwa napita kwa mlango wao na kusikiliza kwanza kama kuna mtu anatembea ndani ndiyo niende kazi. Siku moja hakukuwa na sauti nikagonga mpaka majirani wakatoka. Alikuwa kanisani na Mama Gathoni.

Siku ya operation waliniambia ni masaa mawili. Tulikaa kwa benchi, mimi na Mama Gathoni, yeye na rozari yake. Mawili yakapita. Ya tatu. Mama yake Ruan anapiga kutoka Brazil, napokea, hatuelewani neno, tunaangaliana tu.

Saa ya nne daktari akatoka, mask chini ya kidevu. "Tuliichoma ikanyamaza. Baada ya dakika kumi imerudi. Iko mahali pabaya kidogo. Nimekuja kuwaambia tunajaribu mara moja tena."

Mama Gathoni akauliza, "Na ikikataa?"

"Tutaiacha. Na mpira pia ataacha."

Nilienda choo nikakaa huko bila kufanya chochote. Ni mimi nilikuwa nimemleta hapa. Angenyamaza angekuwa na mkataba, jezi, labda hata goli. Hiyo ndiyo hesabu nilikuwa napiga, na haikuwa inatoka.

Iliponyamaza mara ya pili walingoja nusu saa wakiiangalia. Haikurudi. Hadi leo haijarudi.

Miezi mitatu baadaye daktari alimwachilia akimbie. Nilimweka kwa ile baiskeli mimi mwenyewe, nikamwendesha mpaka jasho likadondoka kwa sakafu, macho yangu kwa kifaa. Mia sabini. Mia themanini. Tukapumzisha. Ikashuka yenyewe, pole pole, kama ya mtu yeyote.

Timu ya kwanza hawakushika simu zetu. Sawa tu. Kuna timu ya daraja la chini, wanacheza uwanja wa vumbi, kocha wao alimwangalia siku nne akasema anamtaka. Ni mkataba wa mwaka mmoja. Si Ulaya, wakuu, nisiwadanganye. Lakini ni mkataba.

Walipompa form ajaze, kulikuwa na swali moja: una ugonjwa wowote au umewahi kutibiwa? Na line moja fupi ya kujibu.

Ruan alisoma, akauliza mwenyewe, kwa Kiswahili chake cha Kinoo, bila simu, "Boss, uko na karatasi ingine?"

Akaandika page nzima.

Sasa, nilichojifunza. Mimi niliwahi kudhani kumpenda mtu ni kumtunzia siri yake. Zile mara mbili nilikata simu, sikuwa namlinda Ruan. Nilikuwa najilinda mimi, nisichukiwe. Angeanguka siku ile Kangemi, ningekuwa nimesimama hapo na mkoba wangu nikiwa na jibu mfukoni.

Na nyinyi wenye watoto kwa academy, au mnaofunza mpira mtaani: mtoto akisema moyo wake unaruka, msicheke. Kupimwa moyo ni dakika chache tu za kulala kwa kitanda.

Najua kuna watu watasema sikuwa na haki ya kumtishia na siri yake mwenyewe. Semeni, nitasoma yote. Nataka hasa kusikia kutoka kwa wachezaji: ni kitu gani ulificha ili jina lako lisikose kwa karatasi? Na kuna mtu yeyote ulitamani angekulazimisha kukisema?