Shimo la Athumani Ndani ya Jaruba la Luhende

Siku yangu ya kwanza kazini mwanangwa, yaani mkubwa wa kijiji chini ya mtemi, alinipa kofia nyekundu na firimbi. Vita ya Hitla ilikuwa imekwisha juzijuzi. Nikaipuliza firimbi ile, mbuzi wa Kahama wakakata kamba, na sisi tulikuwa huku Kolandoto. Mwanangwa akaniambia, "Masanja, nimekuajiri utarishi. Treni tunayo tayari."

Shule mimi sikupita hata kuomba maji ya kunywa. Sheria nilifundishwa kwa miguu. Asubuhi ileile mwanangwa alinishusha mbugani, kwenye udongo mweusi, akanisimamisha juu ya tuta la jaruba. Jaruba ni shamba la mpunga lililozungushiwa tuta lishike maji. Likijaa, mwenyewe anafungua mlango, maji yanashuka kwa jirani wa chini. Basi sheria ya baraza ilikuwa hivi: jaruba haligeuzwi shamba la pamba, wala kiwanja cha nyumba, wala shimo, mpaka wa chini aulizwe na baraza likubali. Mwenye shamba akikubali peke yake haitoshi. Kwenda kuuliza ndiyo ilikuwa kazi yangu. Nilitembea mpaka miguu ikafupika. Nilipooa nilikuwa mrefu, muulizeni mke wangu.

Baadaye nikahamishiwa upande wa Geita, kwa mwanangwa mwingine, mzee mnene asiyecheka hata akitekenywa. Huko watu walichimba dhahabu mpaka chini ya vitanda vyao. Kiangazi kimoja mkulima mmoja, Luhende, alimruhusu Athumani, mchimbaji wa kutoka Tabora, achimbe ndani ya jaruba lake. Hawakuuliza mtu. Na chini yao alikuwepo Mama Shija, mjane, mwenye jaruba moja tu la kumlisha yeye na wanawe.

Akaja barazani, akaamkia kwa Kisukuma. "Mwangaluka, baba. Nauliza tu. Mvua ikinyesha, maji yangu yatapitia tumboni mwa Athumani?"

Mwanangwa akanituma nikasimamishe kazi. Athumani nilimkuta shimoni, kichwa tu kinaonekana.

"Shikamoo tarishi," akasema. "Umekuja kuchimba?"

"Marahaba. Nimekuja kukutoa. Wa chini hajaulizwa."

"Wa chini ni mimi, huoni nilipo?"

Akatoka, lakini shimo akaliacha wazi. Akasema anakwenda kutafuta ruhusa kwa Bwana Madini, mzungu aliyesimamia mambo ya machimbo.

Mvua ikaja kabla hajarudi. Shimo likajaa. Halafu mvua ikakata, mpunga wa watu ukaanza kukunja majani, ila lile shimo liligoma kukauka. Mama Shija akachimba mfereji toka pale, akanywesha jaruba lake. Mpunga ukatoka mnene hivi kwamba ndege akitua anaomba njia. Kiangazi kilipofika ng'ombe wa kijiji kizima wakawa wanakunywa palepale. Mkiambiwa kambare wa mle walikuwa wakubwa kama ndama, ni uongo. Walikuwa wakubwa kuliko.

Ndipo Athumani akarudi na ruhusa yake, na vijana wenye madebe ya kuyachota yale maji yote wayamwage porini. Mama Shija akakimbilia barazani tena. Bila maji yale hakuwa na uhakika wa kula mwaka unaofuata.

Athumani akacheka. "Mama, juzi ulililia nisichimbe shimo. Leo unalililia shimo."

"Juzi lilikuwa lako," Mama Shija akamjibu. "Leo lina maji."

Mwanangwa akamgeukia Athumani. "Ruhusa ya kuchimba unayo, nimesikia. Ya kumwaga maji umepewa na nani?"

"Mzee, maji yamejileta yenyewe."

"Na ng'ombe wamejileta wenyewe. Maji waliyokunywa ng'ombe wa watu kiangazi kizima hayamwagwi na mtu mmoja. Ng'ombe wakimaliza kunywa, njoo uchimbe."

Athumani akauliza ng'ombe humaliza kunywa lini. Baraza zima likalala chini kwa kucheka, mwanangwa peke yake akabaki amekaa.

Basi akasubiri. Katika kusubiri akaoa hapohapo, na Luhende akamkatia kipande cha mbuga, chini kabisa ya Mama Shija. Akalima mpunga. Mvua ya kwanza tu huyo barazani, analalamika Mama Shija anabana maji. Nikatumwa. Mama Shija alicheka mpaka akashikilia tuta, kisha akachukua jembe akamfungulia mlango.

Uhuru ulipokuja watemi waliondolewa, nami nikarudisha kofia na firimbi. Vijana huniuliza kama kweli kulikuwa na dhahabu pale. Imo mpaka leo. Nendeni mkachimbe, ila Athumani sasa ndiye wa chini, na hakubali.