Majaketi Ambayo Mbunge Hakuyataja

Mume wangu alikuwa mwokoaji ziwani. Mtumbwi ukipinduka, kikosi chao ndicho kinachopigiwa simu. Alikufa akimtoa mama mmoja wa Kikongo, mchuuzi wa vitenge, aliyenasa chini ya boti mbele ya ufukwe wa Kibirizi. Yule mama yu hai. Mume wangu aliingia majini na shati na suruali yake, kwa sababu kikosi kizima hakikuwa na jaketi okozi hata moja. Nayasema haya mwanzoni kwa kuwa nimechoka kuyasikia yakisemwa vingine.

Alikuwa mwanachama wa chama kidogo cha siasa, kilichojinadi kuwa chama cha walinzi, wazimamoto na waokoaji. Kina mbunge mmoja tu. Watu walimcheka mume wangu kwa hilo, naye akiwajibu, "Mmoja anatosha, akiwa na mdomo."

Mbunge huyo alikuja matangani, nyumbani kwetu Gungu. Mimi nilikuwa ndani, nimeanza eda, akasimama nje ya pazia.

"Pole sana, mama. Unataka nikawaambie nini bungeni?"

Nikamwambia aseme waokoaji hawana majaketi. Shemeji yangu, mdogo wa marehemu, yuko kikosi kilekile. Akiitwa kesho ataingia majini kama kaka yake alivyoingia.

"Nitalisema kama ulivyolisema," akajibu. Nikamwamini.

Siku ya maswali bungeni tuliwasha redio. Wanawake wa mtaa wa Buzebazeba waliokuja kunitazama wakaacha kuchambua dagaa. Mbunge akasimama. Akamsifu marehemu kuwa shujaa aliyejitoa kwa hiari yake. Akaomba wabunge wasimame kimya, wakasimama. Kisha akauliza habari za sare mpya za walinzi. Basi.

Shemeji akazima redio. "Kumbe ilikuwa hiari, shemeji. Mimi nikidhani ni kazi."

Bibi mmoja akasema bila kuinua macho kwenye ungo, "Na huo ukimya wao, unaelea?"

Eda ina adabu zake: hutoki ovyo, hujipambi. Nilizishika zote, na hasira nikakaa nayo humo ndani. Kila upepo ulipochafuka nilimuuliza yeyote aliyepita dirishani kama shemeji ameonekana.

Eda ilipoisha, chama kikafanya mkutano Ujiji. Nilikwenda. Sikuwa nimewahi kushika kipaza sauti maishani mwangu, lakini kilipofika kwangu nilikishika.

"Mheshimiwa, mbona hukusema?"

"Mama yangu, siasa ina hesabu zake. Sisi ni wachache. Tumeahidiwa nafasi kwenye kamati. Ukiwaaibisha wakubwa leo, kesho hawakupi."

"Hiyo nafasi ya nini?"

"Ya kuwasemea waokoaji."

Watu wakacheka. Naye akacheka, akidhani wanacheka pamoja naye.

Nikamwambia mume wangu hakutaka kufa. Asubuhi ile aliniambia nimwekee mihogo yake, asije akakuta watoto wameimaliza. Mtu anayejitoa kufa hawekewi mihogo. Nikamwambia arudi akaseme majaketi, au jina la mume wangu alitoe mdomoni mwake. Mwenyekiti wao akanyoosha mkono achukue kipaza sauti. Sikumpa mpaka nilipomaliza.

Baadaye viongozi wa chama wakamwita shemeji, wakamtaka amtulize mjane wao. Akawaambia, "Aliyekuwa anaweza kumtuliza tumeshamzika."

Mbunge amepata nafasi yake kwenye kamati. Majaketi hayajaja. Huwa nasikia watu wakisema chama kidogo kisilaumiwe, kina kiti kimoja. Sikumwomba viti. Nilimwomba sentensi moja, iliyo kweli, na alikuwa amesimama tayari na kipaza sauti mbele yake.

Juzi shemeji aliitwa tena. Ziwa lilikuwa limechafuka, mawimbi yanasikika mpaka barabarani. Nikasimama mlangoni nikamwambia asiende.

"Shemeji, kuna watu majini."

Wale watu nao wana wake zao. Nikampisha, nikafunga mlango, nikapanda bodaboda kumfuata Kibirizi, nikasimama ufukweni mpaka nilipomwona anatoka majini kwa miguu yake.