Ng'ombe Kumi na Saba Ndani ya Mashine

Jambo lote lilitugharimu gemu tano, jogoo mmoja na ng'ombe kumi na saba. Nimehesabu mara mbili. Jogoo ndiye pekee aliyelika.

Mashine yenyewe niliinunua Kakoba, mjini Mbarara, mwaka 2011, kwa fundi wa simu aliyekuwa ameipanga kati ya chaja na redio. Ilikuwa mashine ya gemu ya kushika mkononi, yenye kioo kirefu na vitufe pande zote mbili, na ilikuwa imechezewa ndani ili ikubali gemu za kunakili bila kununua diski.

"Iko gemu kumi na moja ndani, ssebo," akaniambia. "Na kadi ni giga kumi na sita. Wewe nanunua ama natazama?"

Nilitazama kwa saa nzima, nikaondoka mara mbili na kurudi mara mbili, na akashuka mpaka nusu ya bei aliyoanzia. Nikapanda gari la kurudi kambi ya wakimbizi ya Nakivale nikijiona bingwa. Baadaye nikagundua kuwa kadi imeandikwa kumi na sita lakini ndani mna nane tu. Alinipunguzia nusu ya bei na nusu ya kadi. Mpaka leo namheshimu.

Nyumbani kwetu Rubondo tulikuwa na paneli ndogo ya sola na benchi chini ya turubai. Watoto walilipa kwa mechi. Gemu la mpira ndilo lililotulisha: chumvi, sabuni na madaftari ya wanetu yalitoka pale. Mbio za magari nazo zilikuwa na watu wake, na mieleka pia. Na gemu moja, la shamba, lilikuwa na mteja mmoja peke yake.

Huyo alikuwa mzee jirani yetu, mfugaji kutoka milima ya juu kule Kivu ya Kusini. Alikimbia vita mwaka 1996, na ng'ombe wake wakabaki milimani bila mtu. Siku ya kwanza alikuja kuchaji simu, akaona mtoto amefungua lile gemu kwa bahati mbaya: msichana mwenye ndoo, nyumba ya paa jekundu, na ng'ombe mmoja ndani ya ua. Mzee akasimama pale mpaka simu ikajaa, na baada ya kujaa hakuondoka. Kesho yake alirudi na kikapu cha maharage.

"Hii inalipia siku ngapi?" akaniuliza.

Hakujua kusoma maandishi ya mle ndani, na mimi pia sikuyajua. Lakini ndani ya miezi michache yule ng'ombe mmoja alikuwa amefika kumi na saba. Aliwalisha, akawakamua, akauza maziwa, akanunua mtamba. Mimi niliona ng'ombe kumi na saba wenye sura moja, madoa yaleyale, macho yaleyale.

"Muzee, hawa wote ni sawa," nilimwambia.

"Weye unaona picha. Mi naona ng'ombe. Huyu wa pembeni iko na kiburi, angalia vile anageuka."

Nikaangalia. Kusema kweli, alikuwa na kiburi.

Mwaka 2012 ndipo shemeji yangu, binamu wa mke wangu, alipofika kutoka kambi moja ya Tanzania. Alivuka mpaka Kikagate na mzigo wa dagaa, akaja kwetu kulala usiku mmoja tu, na alipaswa kuondoka kesho yake asubuhi na lori lililomleta. Mfukoni alikuwa na simu ya kuazima, na ndani ya simu mlikuwa na filamu ya harusi. Mama mkwe wangu alikuwa ndani ya harusi ile.

Hapa lazima nieleze. Mke wangu alitengana na mama yake mwaka huohuo wa 1996. Mama alivuka ziwa, binti akabebwa na shangazi kupitia njia nyingine. Waliwahi kusikilizana kwa simu, dakika mbili leo, dakika tatu mwaka kesho. Lakini uso hakuwahi kuuona kwa miaka kumi na sita.

Simu yetu ilikuwa kitochi, kazi yake kupiga na kumulika. Chombo pekee nyumbani kilichoweza kubeba filamu na kuionyesha kilikuwa ile mashine, na kadi yake ilikuwa imejaa pomoni. Filamu ilitaka giga mbili na nusu.

Nikaanza kupatana, ndiyo tabia yangu. "Mama yako anaongea na kamera dakika nne tu. Tuchukue hizo dakika nne, harusi ya watu tuiache."

"Na pale anapita nyuma na sinia?" mke wangu akauliza. Alikuwa ameitazama mara moja tu kwenye simu, kabla chaji haijaisha. "Pale anacheka na bibi arusi? Pale anakaripia mutoto? Unataka unikatie mama yangu vipande?"

Shemeji akasema kwamba hata hivyo hakuna anayejua kuikata. Nikachinja jogoo ili asije akabadili mawazo akaondoka jioni ile.

Basi gemu zitoke. Lakini zipi? Mimi ningechagua kwa macho na kwa faida. Mke wangu alikataa. Alisema watoto wamelipia, kila mmoja amefika mahali pake ndani ya gemu lake, na hawezi mtu kuamka asubuhi akakuta jina lake limefutwa bila kuulizwa. Halafu akafanya jambo ambalo nadhani ni mtu wa kambi tu angelifikiria. Aliitisha uhakiki.

Kila mtu wa Nakivale anaujua uhakiki. Unatangazwa, unapanga mstari na kadi yako na familia yako, unaonekana kwa macho. Usipoonekana, unafutwa. Mke wangu alipeleka habari kwa watoto mchana ule: kila gemu litakuwa na mstari wake, na gemu litakalokosa mtu wa kulisimamia litatoka.

Walikuja kama siku ya mgao wa chakula. Mstari wa mpira ulizunguka nyumba. Wa magari walisukumana na wa mieleka.

"Weye ulikuwa mu mpira sasa hivi!" mtoto mmoja akapiga kelele. "Mama, huyu anajiandikisha mara mbili!"

"Namuona," mke wangu akajibu. "Anatoka kwote kuwili akiendelea." Mtoto akachagua mpira haraka.

Gemu la ndege halikupata mtu. La karata, hakuna. Kulikuwa na moja la maandishi ya Kijapani, au ya Kichina, ambalo mteja wake wa pekee alikiri kwamba alikuwa akibonyeza tu. Hayo matatu yakatoka. Ukafika mstari wa gemu la vita, wavulana watano wenye vifua mbele.

"Hii haihitaji uhakiki," mke wangu akasema. "Tulishaiona."

Likatoka. Nilifanya hesabu, nikairudia. Filamu ilikuwa bado imepungukiwa karibu giga moja.

Ndipo watoto wakaanza kucheka, nikageuka. Nyuma kabisa, peke yake, alikuwa amesimama yule mzee, kofia kichwani, fimbo mkononi. Alikuwa amevaa koti lake la ibada.

"Muzee iko mu laini ya gemu! Muzee, na kadi ya mgao umeleta?"

"Nimeleta," akajibu, akaitoa kweli mfukoni.

"Muzee, pita mbele," mke wangu akamwambia. "Bazee hawapangi laini."

"Hapana mama. Nimezoea kutembea nyuma."

Alipofika benchi aliniuliza tunatafutia nini nafasi yote hii. Mimi nilikuwa na majibu matatu tayari, yote ya biashara. Mke wangu akasema la kweli: "Ni ya mama yangu, muzee. Iko ndani ya simu ya huyu ndugu. Kesho asubuhi anaenda naye."

Mzee alitazama simu, akatazama mashine.

"Ng'ombe zangu zinakula nafasi ngapi?"

"Karibu giga moja," nikasema.

"Na mama amebakisha kutaka ngapi?"

Nikaanza kuhesabu upya. Mke wangu akawahi: tutaondoa mieleka, iko sawasawa, batoto watazoea. Mzee akatikisa kichwa.

"Mieleka iko na batoto sita. Miye niko mumoja."

"Tutatafuta njia ingine, muzee."

"Njia ingine iko fasi gani? Lori ni kesho."

Nimekaa sokoni tangu ujana wangu. Nimepatana na Wanyankore, Warundi, Wasomali, na askari wa mpakani. Sijawahi kuona mtu akijipunja kwa ukali vile. Kila mke wangu alipompandishia, yeye alijishusha, mpaka akachoka kusubiri akachukua mashine mwenyewe.

Hakufuta. Alifungua gemu lake, akaketi. Aliwalisha wote. Aliwakamua mmoja mmoja, na yule wa kiburi akamwacha mwisho. Akawaingiza zizini, akafunga mlango, akampeleka msichana wa ndoo kulala, maana katika gemu lile ukilala ndipo mashine inaweka kumbukumbu ya siku. Watoto waliokuja kupigania mpira walikuwa wamejipanga nyuma yake, na hakuna aliyemwambia afanye haraka.

"Kule milimani nilikimbia sikufunga mulango," akasema. Akanirudishia mashine. "Leo nimefunga. Futa."

Nilibonyeza kitufe cha pembetatu, ikaja orodha, nikachagua. Mashine iliuliza mara moja tu kama nina hakika. Mimi ningeuliza mara mbili.

Jioni ile mwenye kompyuta wa senta, pale madukani, alitunakilia filamu. Tuliitazama chini ya turubai, mke wangu katikati, mzee kulia kwake kwa sababu mke wangu alimvuta kwa mkono. Mama mkwe akapita na sinia. Akakaripia mtoto. Halafu akaletwa mbele ya kamera, akaiangalia kama mtu anayetazama ndani ya chungu, na akasema: "Uko unaniona? Maana miye sikuoni." Mke wangu akaitika. Aliitika kila sentensi kwa dakika nne zote, na filamu ilipofika mwisho aliirudisha akaitika tena.

"Anafanana na weye kwa hasira," mzee akamwambia. Mke wangu akacheka na kulia kwa pamoja, na mimi nikaenda kuangalia betri ya sola, ambayo haikuwa na shida yoyote.

Miaka miwili baadaye nilipeleka mashine Kakoba kubadilisha kitufe. Yule fundi wangu alikuwa amehama, nikapata mwingine. Akaichomeka kwenye kompyuta, akaniuliza: "Hii ya ng'ombe nafuta? Gemu yake haiko, imebaki kumbukumbu tu." Kumbe ukifuta gemu, ile kumbukumbu ya mchezaji hukaa kwenye folda yake nyingine, kitu kidogo kisichojaza hata kona. Nilimshika mkono.

Nilirudi nikamweleza mzee: ng'ombe wapo, kumi na saba, zizini, vilevile alivyowafungia. Kilichokosekana ni gemu la kuwafungulia.

Alifikiri. "Na banakula nini?"

"Saa yao imesimama, muzee. Kwao bado ni usiku uleule."

"Basi hawana njaa," akasema, akaenda zake. Lakini tangu siku hiyo, kila akija kuchaji simu, huuliza kama bado wamelala.

Sasa ni 2015. Nimepeleka mashine kwa mafundi wanne wa Mbarara. Wawili waliniwekea gemu la shamba jingine, likasema halioni ng'ombe wowote. Sina jina la lile la kwanza. Nina picha yake tu kichwani: msichana, ndoo, paa jekundu. Wewe unayesoma, kama umewahi kuliona, au una mtoto aliyelicheza, nishauri nilitafute wapi na kwa jina gani. Nitalipa, na kwa mara ya kwanza maishani mwangu sitauliza mwisho ni bei gani.