Mirashi Iliyosuguliwa kwa Ndimu

Asubuhi ile nilitoka Wesha bila kujua naelekea wapi. Nilijua tu kwamba kwa shangazi silali tena.

Shule niliiacha mapema, nikawa nazunguka kisiwa nikitafuta vyombo vya kioo vilivyopakwa dhahabu, vya majumba ya wenye mashamba ya karafuu. Nilikuwa nimepata mirashi mitatu, zile chupa za shingo ndefu za kunyunyizia wageni marashi. Siku ya maulidi shangazi alichukua miwili bila kuniuliza, akaisugua kwa jivu na ndimu kama anavyosugua sinia zake za shaba. Dhahabu ikatoka yote.

"Sasa imetakata," akasema.

"Shangazi, umeiosha dhahabu ikaenda."

"Dhahabu gani inayokimbia ndimu? Umeuziwa rangi, mwanangu."

Wageni wakacheka. Hakuna aliyeona kwamba nimedhulumiwa, na hilo liliniuma kuliko dhahabu yenyewe.

Kulipokucha nikapanda gari la kwanza lililopita, na lilikuwa la Konde. Njia nzima niliupakata mrashi uliobaki. Konde nikaelekezwa kwa bibi mmoja mjane mwenye chumba cha kupangisha. Kabla hata hatujapatana, akanyoosha mkono kuupokea mrashi.

"Lete nikuoshee, umejaa vumbi."

"Bi, chumba nakitaka, lakini huu hauoshwi."

"Hata kwa maji?"

"Hata kwa maji."

Akanitazama mimi, akautazama mrashi. "Makubwa haya. Basi kaeni na vumbi lenu," akasema, akanipa ufunguo.